Bibi harusi aliyekwama kati ya mageti mawili

Bibi harusi amekaa juani na gauni lake jeupe. Nyuma yake kuna geti la Israel, mbele yake kuna geti la Syria, na katikati ni kipande cha ardhi kinacholindwa na askari wa Umoja wa Mataifa. Bwana harusi anamsubiri upande wa pili pamoja na ndugu zake. Mahari si tatizo, wazazi wamekubali, chakula kimepikwa. Kilichozuia ndoa ni muhuri.

Ofisa wa Israel amegonga muhuri wa kutoka nchini kwenye hati yake ya kusafiria. Ofisa wa Syria ameutazama na kukataa kumpokea. Kwa mujibu wa serikali yake, Miinuko ya Golan ni ardhi ya Syria, hivyo msichana anayetoka kijiji cha Golan kwenda Damascus hajatoka nchi yoyote. Akiupokea muhuri ule, atakuwa amekiri kwa niaba ya taifa lake kwamba Golan ni ya Israel. Wa kwanza anasema hawezi kuufuta, wa pili anasema hawezi kuupokea, na bibi harusi anaendelea kuungua na jua.

Hicho ndicho kiini cha filamu ya "The Syrian Bride" ya mwaka 2004, iliyoongozwa na Eran Riklis wa Israel. Mfanyabiashara yeyote aliyewahi kusimama dirishani mpakani akiwa na karatasi ambazo ofisi moja imezipitisha na nyingine imezikataa, hahitaji kuelezwa filamu hiyo inazungumzia nini. Ndiyo maana kazi za mtu huyu, ambazo kwa kawaida huonyeshwa kwenye matamasha ya Ulaya na Amerika, zinastahili kutazamwa pia na watu wa Namanga, Mutukula, Rusumo na Gatuna.

Riklis alizaliwa Beersheba mwaka 1954. Utoto wake ulipita katika nchi kadhaa, zikiwamo Marekani, Canada na Brazil, na masomo ya filamu aliyapata Uingereza, alikohitimu mwaka 1982. Filamu yake ndefu ya kwanza ilitoka mwaka 1984. Katika miaka zaidi ya 40 ya kazi, ameandika na kuongoza filamu za aina mbalimbali, lakini jambo moja limekuwa likimrudisha nyuma kila mara: mtu wa kawaida anayekutana na mstari ambao hakuuchora yeye.

Dalili zilionekana mapema katika "Cup Final" ya mwaka 1991. Ni mwaka 1982, Israel imeingia Lebanon kijeshi, na wakati huohuo Kombe la Dunia linachezwa Hispania. Askari wa akiba wa Israel, ambaye alikuwa ameshanunua tiketi za kwenda kutazama mechi, anatekwa na kikundi cha wapiganaji wa Kipalestina. Njiani inabainika kwamba mateka na kiongozi wa watekaji wote ni mashabiki wa Italia. Italia ilichukua kombe mwaka ule. Vita haikusimama kwa sababu hiyo, na Riklis hakujidanganya kwamba mpira ungeisimamisha. Alichoonyesha ni kwamba adui naye ana timu anayoipenda, na kwamba kulijua hilo hakumfanyi mtu kuwa msaliti.

Hata hivyo, ni "The Syrian Bride" iliyomtambulisha duniani. Ilishinda tuzo kuu ya tamasha la filamu la Montreal mwaka 2004. Mambo yaliyomo ndani yake si ya kubuni tu. Israel iliiteka sehemu kubwa ya Golan kutoka Syria katika vita vya mwaka 1967, na mwaka 1981 ikaweka sheria zake huko, hatua ambayo Umoja wa Mataifa ulikataa kuitambua. Wadruzi waliobaki katika vijiji kama Majdal Shams, wengi wao walikataa uraia wa Israel. Walipewa hati za kusafiria ambazo penye nafasi ya uraia pameandikwa kuwa haujabainishwa. Ndugu zao walibaki upande wa Syria. Kwa miaka mingi, familia zilikuwa zikisimama kila moja kwenye kilima chake, bonde la mabomu ya ardhini likiwa katikati, na kusalimiana kwa vipaza sauti. Mtu alitangaziwa kwa kipaza sauti kwamba mama yake amefariki, au kwamba amepata mjukuu.

Msichana aliyeolewa ng'ambo alijua kuwa safari ni ya kwenda tu. Akishavuka, anakuwa raia wa Syria na hawezi kurudi kuwaona wazazi wake. Kwa hiyo harusi katika filamu hii ina sura ya msiba. Mama anamvalisha binti gauni huku akijua kwamba huenda hatamshika tena mkono.

Jambo la kujifunza zaidi ni jinsi Riklis alivyowachora maofisa. Hakuna anayedai rushwa wala anayempiga mtu. Ofisa wa Israel amepokea maelekezo mapya kutoka juu kuhusu muhuri, naye anayatekeleza. Ofisa wa Syria amepokea maelekezo ya zamani, naye anayatekeleza. Wote wawili ni watu wapole kiasi cha haja, na kila mmoja angefurahi msichana apite. Lakini hakuna aliye tayari kupiga simu ya kumsumbua mkubwa wake, na anapopiga, mkubwa hapatikani. Mfanyakazi wa Msalaba Mwekundu, mwanamke wa Kizungu, anatembea kwenda na kurudi kati ya mageti mawili akibeba hati ileile. Kuna wakati muhuri unapakwa rangi nyeupe ya kufutia maandishi, na hata hapo mambo hayaishi. Mwishoni bibi harusi anachoka kusubiri, anainuka na kuanza kutembea mwenyewe kuelekea Syria.

Somo hapa ni zito kuliko lile la kawaida kuhusu ofisa mla rushwa. Mla rushwa anaweza kuripotiwa, kukamatwa na kufukuzwa kazi. Ofisa mwema anayetekeleza maelekezo mawili yanayogongana hana kosa la kuripotiwa. Pale ambapo serikali mbili hazijakubaliana juu ya maana ya karatasi, hata malaika wangewekwa dirishani, msafiri angekwama. Tiba yake haiko kwenye semina za maadili za watumishi wa mpakani. Iko kwenye meza za wakubwa waliotoa maelekezo na kisha kwenda nyumbani.

Mwaka mmoja baada ya filamu hiyo kutoka, mpaka uleule ulionyesha kitu kingine. Wakulima wa Kidruzi wa Golan wanalima matofaa, na soko lao la Israel lilikuwa limejaa. Mwaka 2005, kwa usimamizi wa Kamati ya Kimataifa ya Msalaba Mwekundu, matofaa yakaanza kuvushwa Quneitra kwenda kuuzwa Syria, nchi mbili hizo zikiwa kisheria bado katika hali ya vita. Gari la Israel halikuweza kuingia Syria, wala dereva wa Syria kuja Golan. Malori yaliyobeba mzigo yaliendeshwa na madereva kutoka Kenya. Vita vya Syria vilivyoanza mwaka 2011 baadaye viliivuruga njia hiyo, lakini jambo lilikwisha kuthibitika: mzigo ulipita mahali ambapo bibi harusi alikwama, kwa kuwa pande zote mbili zilikubali kuwepo kwa mtu wa katikati na karatasi ya katikati.

Madereva wale wa Kenya hawamo kwenye filamu ya Riklis, lakini wangeweza kuwamo. Watu waliozoea foleni za Malaba walikwenda kuvusha matofaa kati ya maadui wa tangu mwaka 1948, na matofaa yalifika sokoni.

Mwaka 2008 Riklis alitoa "Lemon Tree", na hii ndiyo inayomhusu zaidi mtu mwenye mali ndogo. Salma Zidane ni mjane wa Kipalestina anayeishi kwa shamba la milimao alilorithi kwa baba yake, kando kabisa ya mstari unaotenganisha Israel na Ukingo wa Magharibi. Waziri wa Ulinzi wa Israel anahamia nyumba mpya upande wa pili wa mstari. Walinzi wake wanaitazama milimao na kuona maficho ya magaidi. Barua inafika: miti ing'olewe, fidia italipwa. Salma hasomi Kiebrania, kwa hiyo barua inayoamua maisha yake inabidi asomewe.

Anakataa fidia. Anamtafuta wakili kijana, wanakwenda mahakama ya kijeshi na kushindwa, wanapanda hadi Mahakama ya Juu. Huko hawashindwi kabisa, wala hawashindi. Mahakama inaamua miti ising'olewe yote, ila mingi ikatwe ibaki mashina mafupi. Mwisho wa filamu, waziri anabaki akitazama ukuta wa zege uliojengwa kumlinda, na Salma anatembea katikati ya visiki. Katika muda wote huo, mke wa waziri na Salma wametazamana mara nyingi kupitia uzio bila kupata nafasi ya kuzungumza. Hiam Abbass, aliyemwigiza Salma, alipata kwa nafasi hiyo tuzo ya Ophir ya mwigizaji bora wa kike, tuzo kubwa kuliko zote za filamu nchini Israel. Yeye mwenyewe ni Mpalestina.

Neno linaloendesha filamu hiyo ni "usalama". Hakuna anayedai kuwa Salma ni mhalifu. Hakuna aliyejificha shambani mwake akafanya uhalifu wa kumhusisha. Inatosha kwamba neno limetamkwa. Likishatamkwa, anayeuliza maswali ndiye anayeonekana mbaya, na mzigo wa kuthibitisha unamhamia mwenye milimao. Kila nchi ina haki ya kujilinda, na Israel imezika watu wengi waliouawa na mashambulizi, jambo ambalo Riklis halifichi. Swali lake ni dogo na la haki: nani alipie ulinzi huo? Katika filamu analipia mjane.

Miaka miwili baadaye alitoa "The Human Resources Manager", kutokana na riwaya ya A. B. Yehoshua. Mwanamke mgeni aliyekuja Jerusalem kufanya kazi anauawa katika shambulio la bomu. Mwili wake unakaa bila wa kuuchukua. Inagundulika kuwa jina lake bado limo kwenye orodha ya mishahara ya kiwanda cha mikate, na gazeti linakishambulia kiwanda kwa kutomjali. Meneja wa wafanyakazi anatumwa kulisindikiza jeneza hadi kwao, safari ndefu ya baridi na barabara mbovu. Katika filamu nzima marehemu peke yake ndiye mwenye jina. Wengine wanatajwa kwa vyeo au nafasi zao. Familia za Afrika Mashariki zilizopokea masanduku kutoka nchi za Ghuba, ambako vijana wengi wamekwenda kutafuta kazi za nyumbani na ulinzi, zitaielewa bila tafsiri.

Kisha mwaka 2014 akaja na "Dancing Arabs", iliyoandikwa na Sayed Kashua, Mpalestina raia wa Israel anayeandika kwa Kiebrania. Kijana wa Kiarabu mwenye akili nyingi anapelekwa shule ya bweni ya Jerusalem pamoja na vijana wa Kiyahudi. Anapotafuta kazi, anagundua kwamba kwa kitambulisho chake ataishia jikoni kuosha vyombo, na kwa kitambulisho cha rafiki yake Myahudi atahudumia meza. Anaazima cha rafiki. Kwa mara nyingine, maisha ya mtu yamebebwa na kipande cha karatasi.

Wapo wanaomlaumu Riklis, na lawama zao si za kupuuzwa. Wa kwanza husema anawaonea huruma maadui wa nchi yake na kuichafua mbele ya wageni. Wa pili, hasa upande wa Wapalestina, huuliza kwa nini kilio chao kifike duniani kupitia mdomo wa Mwisraeli, tena kikiwa kimelainishwa ili watazamaji wa Ulaya watoke ukumbini na machozi mepesi na roho safi. Ukweli ni kwamba filamu zake zina upole ambao wakati mwingine unazidi. Anayetafuta ndani yake hesabu kamili ya nani alimdhulumu nani hataipata.

Lakini kuna jambo moja analostahili kusifiwa nalo waziwazi. Hakuandika hadithi hizo peke yake. "The Syrian Bride" na "Lemon Tree" aliziandika pamoja na Suha Arraf, mwanamke wa Kipalestina kutoka Galilaya mwenye uraia wa Israel. Mtu anayetaka kusimulia maisha ya jirani yake akamkaribisha jirani mezani kushika kalamu, huyo amefanya zaidi ya wengi wanaohubiri ujirani mwema.

Na yaliyompata Arraf baadaye yangefaa kuwa filamu nyingine ya Riklis. Mwaka 2014 aliongoza filamu yake mwenyewe, "Villa Touma", kwa fedha zilizotoka kwenye mifuko ya umma ya Israel. Alipoipeleka tamasha la Venice, aliiandikisha kuwa ni filamu ya Palestina. Zogo likazuka. Waliotoa fedha wakataka warudishiwe. Yeye akashikilia kwamba ni Mpalestina na filamu ni simulizi la watu wake. Baadaye ikaorodheshwa bila nchi yoyote.

Wafanyabiashara wa mpakani wanaujua ugomvi huo kwa jina jingine: cheti cha uasili wa bidhaa. Bidhaa ni ya nani? Ya aliyetoa mtaji, ya aliyeitengeneza, au ya ardhi ilikotoka malighafi? Wanaouliza swali hilo kwa kawaida hawaulizi kwa udadisi. Wanauliza kwa sababu jibu litaamua nani alipe na nani azuiwe.

Itakuwa kosa kusema kwamba mipaka ya Afrika Mashariki ni kama ya Golan. Hapa hakuna bonde la mabomu kati ya Namanga na Namanga. Kuna Soko la Pamoja lililoanza rasmi Julai 2010, na kuna vituo vya pamoja ambako maofisa wa nchi mbili wanakaa chini ya paa moja. Majirani wa Golan wangevitamani vitu hivyo.

Lakini kosa kubwa zaidi ni kudhani kwamba karatasi iliyosainiwa na marais inajilinda yenyewe. Februari 2019 Rwanda ilifunga mpaka wa Gatuna kwa malori. Maelezo ya mwanzo yalikuwa ujenzi wa kituo. Mara ikafahamika kwamba ni mvutano wa kisiasa kati yake na Uganda, na geti halikufunguliwa hadi 31 Januari 2022. Karibu miaka mitatu. Januari 2024 Burundi nayo ilifunga mipaka yake ya nchi kavu na Rwanda, kwa tuhuma zinazohusu waasi. Nchi zote tatu ni wanachama wa jumuiya moja, na zote zimesaini itifaki ileile. Kila mara wakubwa walikuwa na sababu zao, na huenda baadhi zilikuwa za kweli. Waliolipia ni wauza maharage, madereva, wenye vibanda vya chakula, na watu waliooleana kuvuka mpaka. Wapiganapo fahali wawili, ziumiazo nyasi. Ila nyasi za mpakani zina mikopo ya benki na watoto shuleni.

Kazi za Riklis zinaonyesha mambo matatu ambayo watu hao wana haki ya kuyadai. La kwanza, geti likifungwa, sababu iandikwe, itangazwe, na iwekewe muda. Bibi harusi yule aliteseka zaidi kwa kutokujua anasubiri nini kuliko kwa kusubiri kwenyewe. La pili, awepo mtu wa katikati anayetambuliwa na pande zote, mwenye namba za simu za wakubwa na mamlaka ya kuwaamsha usiku. Matofaa ya Golan yalivuka kwa sababu hiyo. Sekretarieti ya Jumuiya iliyoko Arusha haiwezi kuwa na meno machache kuliko Msalaba Mwekundu.

La tatu ni la Salma. Mjane yule hakuwa na jeshi wala chama, lakini alijua kuna mahakama, akaenda. Mkataba wa Jumuiya ya Afrika Mashariki, kifungu cha 30, unampa mkazi yeyote wa nchi mwanachama haki ya kufungua shauri katika Mahakama ya Afrika Mashariki dhidi ya sheria, kanuni, agizo au hatua ya serikali inayovunja Mkataba. Muda wake ni miezi miwili tu tangu hatua hiyo kuchukuliwa au mlalamikaji kuifahamu. Vyama vya wafanyabiashara vingi huitumia miezi hiyo miwili kuomba kuonana na mkuu wa wilaya. Vikija kuzinduka, mlango wa mahakama umeshafungwa.

Salma hakuokoa miti yake yote. Lakini mashina yalibaki ardhini, na mwenye shamba akabaki shambani. Kama angekubali fidia siku ya kwanza, kusingekuwa na kesi wala shamba. Watu wa mpakani wanaosubiri hisani ya dirisha wangefanya vizuri kuitazama filamu hiyo pamoja, jioni moja sokoni, kabla geti lijalo halijafungwa.